Jose Diokno wa Ufilipino na Urithi wa Baba Yake

Mara nyingi twasikia wazazi Wakatoliki wakisema kwamba siasa ni mchezo mchafu, nao wawaonya watoto wao wasitie mkono humo. Wazazi wengine hufanya kinyume: wakiwa wamepata cheo, hutaka mwana akikalie kiti cha baba, kama vile kiti cha Serikali ni shamba au ng'ombe wa ukoo. Makundi hayo mawili yote yamekosea, kwa maoni yetu. Mtaguso wa Pili wa Vatikano, katika hati yake ya mwaka 1965 juu ya Kanisa katika ulimwengu wa leo, uliwataka wale wenye uwezo wajitayarishe kwa kazi ngumu na bora ya siasa, pasipo kutafuta faida yao wenyewe. Lakini neno kama hilo, likibaki kitabuni, halimfundishi kijana. Kwa hiyo leo twapenda kuwaletea wasomaji wetu maisha ya mtu mmoja wa visiwa vya Ufilipino, nchi ambayo wengi wa wenyeji wake ni Wakatoliki kama sisi, na ambayo jamaa chache zimerithishana utawala tangu zamani.

Jina lake ni Jose Wright Diokno. Alizaliwa tarehe 26 Februari 1922 katika mkoa wa Batangas, kusini ya Manila, ambako ndiko asili ya ukoo wao, katika mji wa Taal. Babu yake, Ananias Diokno, alikuwa jenerali katika vita vya uhuru. Alipigana kwanza na Wahispania, kisha na Wamarekani waliokuja baada yao. Baba yake, Ramon Diokno, alikuwa wakili na mjumbe wa Bunge, kisha Seneta, na mwishoni hakimu wa Mahakama Kuu kabisa ya nchi. Mtoto aliyezaliwa katika nyumba ya namna hiyo angeweza kustarehe. Jina lilikuwa tayari, na njia imekwisha kufyekwa.

Alisomeshwa na Mabruda wa De La Salle mjini Manila, akamaliza masomo ya biashara mwaka 1940 kwa sifa ya juu kuliko zote. Akafanya mtihani wa nchi nzima wa wahasibu akawa wa kwanza. Lakini kwa kuwa umri wake ulikuwa haujafika miaka 21, hakupewa ruhusa ya kufanya kazi hiyo mara moja. Alianza kusoma sheria katika Chuo Kikuu cha Santo Tomas, chuo cha Mapadre Wadominiko kilichoanzishwa mwaka 1611. Vita vikaja, Wajapani wakaiteka nchi, masomo yakakatika. Kijana hakukaa akilia. Alijifunza mwenyewe katika vitabu vya sheria vya baba yake, na mwaka 1944, kwa ruhusa maalumu ya Mahakama kwa sababu hakuwa na shahada, akafanya mtihani wa mawakili. Alikuwa wa kwanza tena, sawasawa na kijana mwingine aliyeitwa Jovito Salonga. Wote wawili walipata alama 95.3 katika 100. Msomaji alishike jina la Salonga, maana twalirudia mbele.

Jambo lililomfundisha Diokno kuliko mitihani, twadhani, ni lile lililompata baba yake. Mwaka 1946, mwaka ambao Ufilipino ilipata uhuru, Ramon Diokno alichaguliwa kuwa Seneta. Alipokwenda kukaa kitini mwake, Maseneta wenzake wa chama chenye nguvu walipitisha azimio la kumzuia yeye pamoja na wawili wengine, Jose Vera na Jose Romero, wasiapishwe. Sababu iliyotolewa ni kwamba uchaguzi katika mikoa kadhaa ulikuwa na vurugu na hila. Lakini wakati huo kulikuwa na jambo kubwa mbele ya Bunge, nalo ni kubadili Katiba ili raia wa Marekani wapewe haki sawa na wenyeji katika mali ya asili ya nchi. Mabadiliko hayo yalihitaji robo tatu ya kura, na watu hao watatu walijulikana kuwa wapinzani. Walikwenda mahakamani. Mahakimu walio wengi wakasema hawawezi kuliingilia Bunge katika mambo yake ya ndani. Basi mabadiliko yakapita. Jose, wakili kijana, alikuwa akifanya kazi katika ofisi ya baba yake. Aliona kwa macho yake jinsi kura za watu zinavyoweza kuzimwa kwa azimio moja, na jinsi mahakama inavyoweza kutazama kando. Miaka minane baadaye, mwaka 1954, mzee yule aliingizwa katika Mahakama ile ile iliyokataa kumsaidia. Alifariki katika mwaka huo huo.

Jose hakukimbilia uchaguzi. Alijulikana kwanza kama wakili. Mwanzoni mwa mwaka 1962 Rais Diosdado Macapagal alimfanya kuwa Waziri wa Sheria, naye alikuwa na umri wa miaka 39 tu. Hapo ndipo ilipotokea kesi ya Harry Stonehill, nasi twataka kuisimulia kwa urefu, maana ina mafundisho ambayo si ya upande mmoja.

Stonehill alikuwa Mmarekani aliyekuja na jeshi wakati wa vita, akabaki, akatajirika kwa tumbaku na biashara nyingine nyingi. Ilisemekana kwamba ametoa hongo kwa wakubwa wa Serikali, wa chama hiki na chama kile. Mwezi wa Machi 1962 Diokno aliwatuma wapelelezi kupekua ofisi na nyumba za Stonehill na wenzake, wakachukua mizigo na mizigo ya karatasi. Nchi ikashangilia. Lakini waliotajwa kuwa wamekula fedha hizo hawakushangilia. Ilipofika mwezi wa Mei, Diokno alipata habari kwamba Rais amekubali kujiuzulu kwake, hali yeye hakuwa ameomba kujiuzulu. Baadaye Stonehill alifukuzwa nchini, na kwa namna hiyo mashtaka ambayo yangewaanika wengi hayakusikilizwa.

Wengi wakisimulia habari hii hukomea hapo, ili Diokno abaki shujaa asiye na doa. Sisi tutaendelea. Mawakili wa Stonehill walikwenda Mahakama Kuu wakilalamika kwamba zile hati 42 za kupekua hazikuwa halali. Katiba ilidai kwamba hati ya kupekua itaje kosa hasa na vitu hasa vinavyotafutwa. Hati zile zilitaja makosa kwa ujumla tu, tena zilitoa ruhusa ya kuchukua vitabu vyote vya hesabu, barua zote, risiti zote. Tarehe 19 Juni 1967 Mahakama ilitoa hukumu iliyoandikwa na Hakimu Mkuu Roberto Concepcion: hati zile ni batili, na karatasi zilizochukuliwa katika nyumba za watu hao haziwezi kutumiwa kuwa ushahidi juu yao. Kabla ya siku hiyo, Mahakama ya Ufilipino iliruhusu ushahidi hata kama umepatikana kwa njia mbaya. Tangu siku hiyo mlango huo ukafungwa, na kesi yajulikana mpaka leo kwa jina la Stonehill na Diokno. Kila mwanafunzi wa sheria katika visiwa vile huisoma, na humo Diokno yumo upande wa Serikali iliyovuka mpaka.

Twafikiri habari hii yafaa kusomwa mezani katika nyumba zetu. Mtu mwema, akiwa na nia njema, akimwandama mtu aliyeshukiwa kwa uovu, aliweza kukanyaga haki ya mtu huyo. Hakupokea hongo wala hakuwa na chuki; alikuwa na haraka ya kuisafisha nchi. Ni wangapi kati yetu, katika baraza la kijiji au kamati ya shule, wamewahi kusema kwamba mwizi hana haki? Baba Mtakatifu Yohane wa 23, katika barua yake Pacem in Terris ya mwezi wa Aprili 1963, aliandika kwamba haki za mtu zatoka katika utu wake wenyewe. Hakusema kwamba zatoka katika wema wake.

Katika mwaka huo huo wa 1963 Diokno alichaguliwa kuwa Seneta. Seneti ya Ufilipino ina watu 24 tu, nao huchaguliwa na nchi nzima, si na jimbo. Alijishughulisha hasa na mambo ya uchumi: sheria ya mwaka 1967 ya kuwavuta watu waweke mitaji katika viwanda kwa namna ya kuwafaa wananchi, na ile ya mwaka 1971 ya kuzisimamia kampuni za mafuta. Mambo hayo ni makavu, hatutayachambua. Gazeti moja kubwa la nchi ile, Philippines Free Press, lilimtaja kuwa miongoni mwa Maseneta bora mwaka baada ya mwaka.

Chama chake kilikuwa Nacionalista, na tangu mwaka 1965 Rais wa nchi, Ferdinand Marcos, alikuwa wa chama hicho hicho. Basi Diokno alikuwa upande wenye kula. Tarehe 21 Agosti 1971, katika uwanja wa Plaza Miranda mjini Manila, mabomu yalirushwa katika mkutano wa chama cha upinzani. Watu 9 walikufa, na wengi walijeruhiwa vibaya, mmoja wao akiwa Jovito Salonga, yule aliyelingana na Diokno katika mtihani. Rais akaitumia nafasi hiyo kusimamisha haki ya mfungwa kuletwa mbele ya hakimu. Diokno akatoka katika chama. Akawakusanya raia kudai haki zao, akatembea barabarani pamoja na wanafunzi na wafanya kazi. Salonga alikuwa Mprotestanti, tena wa chama kingine. Hilo halikuwazuia kuwa bega kwa bega.

Mwaka mmoja ukapita. Mwezi wa Septemba 1972 Marcos alitangaza utawala wa kijeshi, na usiku wa kuamkia tarehe 23 askari walifika nyumbani kwa Diokno wakamchukua mbele ya mkewe Carmen na watoto. Walikuwa na amri ya Rais. Hati ya hakimu hawakuwa nayo. Msomaji atakumbuka zile hati 42. Mtu aliyehukumiwa kuwa alitumia hati zisizo kamili sasa alikamatwa pasipo hati yo yote.

Usiku huo huo alikamatwa Seneta Benigno Aquino, naye pia mtoto wa ukoo wa watawala: baba yake alikuwa Spika, na babu yake, kama babu wa Diokno, jenerali wa vita vya uhuru. Mwezi wa Machi 1973 wajukuu hao wawili wa majenerali walifungwa macho na pingu mikononi, wakasafirishwa kwa helikopta mpaka kambi ya Laur, mbali kaskazini. Kila mmoja alitiwa chumbani peke yake. Kitanda cha chuma hakikuwa na godoro, taa iliwaka mchana na usiku, madirisha yalizibwa. Walinyang'anywa saa, pete na miwani. Hawakuweza kuonana, kwa hiyo waliimba, ili kila mmoja ajue kwamba mwenzake yu hai. Huko Manila, wake zao walirudishiwa vitu vya waume zao pasipo maelezo. Mwanamke akipokea miwani na pete ya mumewe katika mfuko, atafikiri nini? Carmen Diokno na Corazon Aquino walihangaika kutoka ofisi hata ofisi, wakiuliza kama wao ni wake au wajane, mpaka wakapata ruhusa ya kuwaona. Baada ya mwezi mmoja wafungwa walirudishwa karibu na Manila.

Diokno alikuwa amekwisha omba Mahakama Kuu iamuru aachiliwe au ashtakiwe. Mahakama haikujibu, miezi ikaenda. Kisha mahakimu wakala kiapo cha kuilinda Katiba mpya ya Marcos. Mwisho wa Desemba 1973 Diokno alifanya jambo la ajabu kwa wakili: aliomba kuiondoa kesi yake. Alisema kwamba hawezi tena kuikabidhi kesi yake kwa mahakimu hao, na kwamba kutafuta haki kwao ni kazi bure. Maneno hayo yaliwachoma. Mahakimu 7 walikubali aiondoe, 5 walikataa; na kwa kuwa kura 8 zilihitajiwa, hakuruhusiwa hata kuacha kuomba. Tarehe 11 Septemba 1974, siku ya kuzaliwa kwake Marcos, Diokno aliachiliwa kama zawadi. Alikuwa amekaa kifungoni siku 718 bila kushtakiwa kwa kosa lo lote. Siku sita baada ya hapo Mahakama ilitoa uamuzi kwamba Serikali ilikuwa na haki ya kuwafunga watu wale.

Mtu aliyetoka katika mambo kama hayo angeweza kukimbilia ng'ambo, na hakuna ambaye angemlaumu. Yeye hakuwa Seneta tena, kwa maana Bunge lilikuwa limefungwa. Akarudi kwenye uwakili. Katika mwaka ule ule wa 1974, pamoja na mzee Lorenzo Tañada na wakili Joker Arroyo, alianzisha chama cha mawakili wa kuwatetea watu bure, kijulikanacho kwa herufi FLAG. Wateja wao walikuwa wakulima, wanafunzi, wafanya kazi waliogoma, watu walioteswa kambini. Wengine walishtakiwa kuwa waasi wa kikomunisti. Diokno hakuwa mkomunisti, wala hakuona aibu kusimama karibu na mtu aliyeitwa hivyo. Alikuwa amekwisha jifunza kwa gharama kubwa kwamba haki ya mshtakiwa haimgojei mshtakiwa awe mtu wa kupendeza.

Na Kanisa lilikuwa wapi? Tuseme kweli, mwanzoni maaskofu wengi wa Ufilipino walisita. Wengine waliona utawala wa kijeshi utaleta utulivu. Walioanza mapema ni watawa: mwaka 1974 wakuu wa mashirika yao waliunda kikosi cha kuwahudumia wafungwa wa siasa, kilichoongozwa kwa miaka mingi na Sista Mariani Dimaranan, ambaye mwenyewe alikuwa amewahi kufungwa. Masista walizunguka makambini wakiandika majina ya waliofungwa na waliopotea, na mawakili wa FLAG wakayapeleka majina hayo mahakamani. Pasipo daftari za masista, mawakili wangemtetea nani? Hata mwezi wa Februari 1986, baada ya uchaguzi uliojaa udanganyifu, maaskofu walisema waziwazi kwamba serikali inayokaa kwa hila haina msingi wa haki. Siku chache baadaye, Kardinali Jaime Sin akiwaita, watu wakaijaza barabara ya EDSA, wengine na rozari mikononi, nao Marcos akaikimbia nchi.

Corazon Aquino, yule aliyesumbuka pamoja na Carmen Diokno wakati wa Laur, sasa alikuwa Rais. Mume wake alikuwa amekwisha uawa kwa risasi katika uwanja wa ndege tarehe 21 Agosti 1983. Rais mpya alimpa Diokno uongozi wa Kamati ya Haki za Binadamu, akamtuma pia kuongea na waasi ili vita viishe. Diokno tayari alikuwa mgonjwa wa kansa ya mapafu. Alikubali kazi zote mbili.

Tarehe 22 Januari 1987 wakulima walioomba mashamba waliandamana kuelekea Ikulu ya Rais. Karibu na daraja la Mendiola askari waliwapiga risasi, wakafa watu 13. Serikali hiyo haikuwa ya Marcos. Ilikuwa ya rafiki zake Diokno, ya watu waliofungwa pamoja naye na kulia pamoja naye. Ni rahisi kumpinga adui aliyekufunga. Lakini mke wa mwenzako wa Laur utamwambia nini? Diokno alijiuzulu kazi zote mbili. Tarehe 2 Februari watu waliipigia kura Katiba mpya, nayo yasema kwamba ushahidi uliopatikana kwa kuvunja haki ya mtu hautakubaliwa kwa shauri lo lote, ndiyo ile kanuni iliyowekwa mwaka 1967 katika kesi yenye jina lake. Tarehe 27 Februari alifariki, siku moja baada ya kutimiza miaka 65. Rais alitangaza siku za maombolezo, na tangu mwaka 2007 tarehe hiyo ni siku ya kumkumbuka kwa sheria.

Katiba hiyo ya 1987 ina pia kifungu kinachokataza jamaa kurithishana utawala, ila imeachia sheria ya Bunge ieleze maana yake. Hadi mwaka 2024 Bunge lilikuwa halijaitunga sheria hiyo, na si vigumu kujua kwa nini, tukiangalia ni nani wanaokaa Bungeni. Basi wasomaji watauliza: na watoto wa Diokno je? Walikuwa 10. Jose Manuel, ambaye watu humwita Chel, alifuata uwakili, akawa mwenyekiti wa FLAG. Aligombea Seneti mwaka 2019 akashindwa, akagombea tena mwaka 2022 akashindwa. Jina la baba halikumpa kiti. Mwaka 2025 aliingia Baraza la Wawakilishi kwa orodha ya chama kidogo. Binti mmoja, Maria Serena, ni mwana historia, naye aliongoza Tume ya Historia ya nchi. Mwaka 2016 Tume hiyo ilitoa uchunguzi wake kwamba sifa za kivita alizojidai Marcos hazina ushahidi wa kutosha. Hata hivyo, mwezi wa Novemba mwaka huo, kwa ruhusa ya Serikali, maiti ya Marcos ilizikwa katika makaburi ya mashujaa. Kabla mwezi haujaisha Maria Serena Diokno aliandika barua ya kujiuzulu.